Kofishopu kongwe za Amsterdam: ya kukaa na kusikiliza, au ya kununua na kuondoka?

Amsterdam ina kofishopu zaidi ya 160, na karibu zote zinauza vitu vinavyofanana: maua ya bangi iliyopandwa humohumo Uholanzi, hashishi ya Morocco, misokoto iliyo tayari, na keki. Bei hazipishani sana. Kinachopishana ni chumba chenyewe: muziki gani unapigwa na kwa sauti ipi, viti vikoje, mwanga ukoje, na utakaa na watu gani. Mtu akishavuta, chumba humwingia kuliko kawaida. Wimbo wa dakika 4 huonekana mrefu, maongezi ya meza ya jirani husogea karibu, taa kali huanza kuudhi. Ndiyo maana tunasema chagua kwa sikio na kiti kwanza, menyu ifuate.

Jina lisikuchanganye. Kibao kikiandikwa "coffeeshop", humo huuzwa bangi. Anayetaka kahawa tu aende "koffiehuis", au "café", ingawa café nyingi za huko ni baa. Kofishopu yenye kibali mjini Amsterdam hubandika dirishani stika ya kijani na nyeupe. Usitegemee mabango ya bei nje, maana matangazo yamekatazwa. Kwa sababu hiyohiyo kuna maduka ambako menyu ilikuwa ikifichwa kabisa, mteja anabonyeza kitufe ndipo taa inawaka na orodha inasomeka.

Yaliyo sawa kila mahali

Bangi Uholanzi haijahalalishwa. Inavumiliwa, na Waholanzi wana neno lake maalumu, "gedogen". Marekebisho ya sheria ya mwaka 1976 yalitenganisha dawa kali na zile hafifu, na kofishopu zikamea ndani ya upenyo huo. Masharti ni haya: mteja awe na miaka 18 au zaidi, asiuziwe zaidi ya gramu 5 kwa siku, duka lisiwe na akiba inayozidi gramu 500, dawa kali zisionekane, majirani wasisumbuliwe. Duka likivunja moja ya hayo, meya anaweza kulifunga, kwa hiyo mhudumu akikuomba pasipoti ukiwa na mvi kichwani, mpe tu. Picha ya pasipoti kwenye simu kwa kawaida haikubaliki.

Pombe hakuna. Mjini Amsterdam, tangu Aprili 2007, kila duka lililokuwa na vyote viwili lililazimika kuchagua kimoja. Tumbaku nayo haivutwi ndani tangu Julai 2008, na hapa ndipo wageni wengi hukosea. Misokoto mingi iliyo tayari imechanganywa na tumbaku, kama desturi ya Waholanzi wenyewe ilivyo. Ukinunua huo halafu ukauwasha kwenye kiti, utaambiwa utoke nao nje. Uliza neno moja tu, "puur?", yaani bangi tupu. Maduka mengi huweka kaunta au mezani majani makavu yasiyo na tumbaku ya kuchanganyia, ambayo husaidia msokoto kuungua sawasawa bila kukuongezea nikotini.

Mlango unaruhusiwa kufunguliwa kuanzia saa 1 asubuhi hadi saa 7 usiku, ila kila duka lina saa zake. Beba noti ndogondogo za euro, kwani kadi za kigeni hukataliwa katika baadhi ya maduka na mashine za fedha zilizo mitaa ya watalii hukata ada kubwa.

420 Café na De Dampkring: mbili za wapenda muziki

Hizi mbili ndizo tunazotaja kwanza mtu akiuliza wapi akae jioni nzima, na zinafaa watu wa aina mbili tofauti.

420 Café iko Oudebrugsteeg 27, kichochoro kinachounganisha Damrak na Warmoesstraat. Kutoka kituo kikuu cha treni unafika kwa miguu kabla hujatoa jasho. Zamani iliitwa De Kuil, na sura yake bado ni ya baa ya kale ya Kiholanzi: mbao nyeusi, kaunta ndefu ya kuegemea, mwanga hafifu wa rangi ya asali. Muziki ni roki ya miaka ya 1960 na 1970, na haubadiliki kufuata vijana walioingia. Faida yake ni kwamba mtu aliye peke yake hajioni mpweke. Ukikaa kwenye kaunta unaongea na mhudumu, unasikiliza gitaa, unakunywa chai yako ya mnanaa, na hakuna anayekuuliza kwa nini huna mwenzako. Kasoro yake ni nafasi. Kuanzia Ijumaa jioni viti vya kaunta hujaa na watu husimama, na kusimama baada ya kuvuta si jambo jema kwa mtu asiyezoea.

De Dampkring iko Handboogstraat 29, ng'ambo ya pili ya katikati ya jiji, karibu na uwanja wa Spui. Ilifunguliwa mwaka 1993. Jina lake kwa Kiholanzi ni "angahewa", na aliyelichagua alijua anachofanya: ndani kote ni mbao zilizochongwa kwa mikunjo na rangi za moto, kama umeingia ndani ya ala ya muziki. Kipande cha filamu ya Hollywood kilipigwa humo mwaka 2004, na tangu hapo haijakosa wageni wa kuja kupiga picha. Menyu yake inaeleza kila aina kwa undani kuliko menyu nyingi mjini: imetokana na nini, ina harufu gani, inampeleka mtu wapi. Anayependa kujua anachonunua ataridhika hapa kuliko 420.

Kwa muziki tupu, 420 inashinda. Humo muziki ni sehemu ya duka, mtu anauchagua kwa makusudi na watu wanausikiliza. Dampkring muziki ni mazingira, uko nyuma ya maongezi. Kwa macho na kwa menyu, Dampkring inashinda. Mkiwa wawili au watatu mnaotaka kuongea, nendeni Dampkring kabla ya saa 8 mchana, meza zikiwa bado wazi. Mkiwa mnataka kunyamaza na kusikiliza, nendeni 420 siku ya katikati ya wiki.

Kuna kipimo kimoja cha sauti kinachofanya kazi katika duka lolote. Simama kaunta uulize swali kwa sauti ya kawaida. Mhudumu akikuinamia kukusikia, muziki ni mkubwa mno kwako wewe mgeni. Nunua, kunywa kinywaji, lakini usile keki humo. Kelele humchosha mtu aliyelewa bangi na kumtia wasiwasi, na keki haina namna ya kuisimamisha ikishaanza. Tega sikio pia juu. Mashine za kutoa moshi nje huvuma mfululizo, na duka lenye mashine mbovu hupandisha muziki ili kuzifunika. Matokeo yake unapata kelele mbili badala ya wimbo mmoja.

Kwa anayetaka utulivu

La Tertulia, Prinsengracht 312, ni jengo la pembeni lenye mchoro mkubwa wa Van Gogh ukutani kwa nje. Ilianza mwaka 1983. Mwanga wa jua unaingia kwa madirisha makubwa, mimea imejaa, na harufu ya moshi si nzito kama penginepo. Siberië, Brouwersgracht 11, ni ya mwaka 1984. Wateja wake wengi ni wakazi wa mtaa, kuna michezo ya mezani, na hakuna anayekukimbiza. Tertulia inafaa asubuhi na mchana, kwa mtu anayeanza au aliyeshikwa na hofu ya kuingia gizani na moshi. Siberië inafaa jioni, kwa wanaotaka kucheza karata au chess huku muziki ukiwa chini. Zote mbili zinakupa mfereji wa maji wa kutembea kando yake ukitoka. Tunalitaja hilo kwa dhati: hewa baridi na matembezi ya dakika 20 humrudishia mtu akili kuliko kikombe cha tatu cha kahawa.

The Bulldog na Grey Area: maarufu kwa sababu tofauti

The Bulldog ya kwanza iko Oudezijds Voorburgwal 90, tangu mwaka 1975, na aliyeianzisha ni Henk de Vries. Leo ni mnyororo mzima: hoteli, fulana, na tawi la Leidseplein lililo ndani ya jengo lililokuwa kituo cha polisi. Kwa historia, ingia namba 90, kunywa kahawa, tazama. Kwa kukaa, hatuipendekezi. Iko katikati ya mtaa wa taa nyekundu, yaani wa madanguro, makundi yanaingia na kutoka, na muziki unawekwa kwa ajili ya umati.

Grey Area, Oude Leliestraat 2, ni kinyume chake kwa ukubwa: chumba kidogo, viti vya kuhesabika, ukuta umefunikwa kwa stika. Sifa yake ni ubora wa maua na ushauri wa wahudumu. Foleni hufika nje, na hufunga mapema jioni kuliko nyingi. Hii ni ya kununua na kuondoka. Anayeng'ang'ania kukaa atajikuta amebanwa ukutani mgongo wa mwenzake ukiwa puani.

Tatizo la kununua na kuondoka ni kwamba huwezi kuvuta popote. Tangu tarehe 25 Mei 2023 kuvuta bangi barabarani katika mtaa wa taa nyekundu na sehemu zinazouzunguka, Dam na Nieuwmarkt zikiwemo, kunatozwa faini ya euro 100. Hoteli nyingi nazo hutoza faini ya usafi ya kwao wenyewe. Kabla ya kwenda Grey Area jua utakaa wapi baadaye. Baadhi ya maduka hukuruhusu kuvuta bangi ya kwingine ilimradi ununue kinywaji, mengine hayataki. Uliza kabla hujatoa mfuko.

Amsterdam au nje yake?

Haarlem iko karibu dakika 15 kwa treni, haina msongamano, na mgeni anahudumiwa. Kusini ni habari nyingine. Manispaa kadhaa huuzia wakazi wa Uholanzi pekee, na Maastricht ndiyo mfano mkubwa. Kesi ya mwenye kofishopu moja ya huko ilifika Mahakama ya Haki ya Ulaya, na mwaka 2010 mahakama ikasema mji una haki ya kuwazuia wageni. Usisafiri kwa treni muda wa saa mbili na nusu ukakuta mlango umefungwa kwako.

Kuna tofauti nyingine inayowahusu wanaojali kilichomo. Uholanzi inafanya jaribio la bangi iliyolimwa kwa kibali katika manispaa 10, zikiwemo Breda, Tilburg, Groningen, Nijmegen, Arnhem na Almere. Awamu yake kamili ilianza tarehe 7 Aprili 2025. Katika miji hiyo bangi huja katika kifungashio kilichozibwa, na lebo inaonyesha kiwango cha THC, kiini cha bangi kinacholevya, na CBD, kisicholevya. Amsterdam haimo, na huko mambo bado ni ya "mlango wa nyuma": duka linaruhusiwa kuuza, lakini kulilimia au kuliletea mzigo bado ni kosa. Kwa hiyo Amsterdam unaona na kunusa ua lenyewe, na mizani inageuzwa upande wako usome, lakini asilimia utakayotajiwa ni neno la muuzaji. Kwenye miji ya jaribio unasoma kipimo, ila hunusi mpaka ufungue. Mgeni kwa mara ya kwanza ananufaika zaidi na lebo. Mpenzi wa chumba na muziki abaki Amsterdam.

Ukongwe wenyewe una tarehe ya mwisho. Sarasani ya Utrecht, iliyoanza mwaka 1968 ndani ya ghala la chini kando ya mfereji, haipo tena. Mellow Yellow ya Amsterdam, iliyoanza mwaka 1972, ilifungwa Januari 2017 kwa kuwa ilikuwa chini ya mita 250 kutoka chuo cha vinyozi. Kabla ya safari hakikisha duka ulilochagua bado lina mlango wazi.

Nini cha kuagiza, na kiasi gani

Gramu 1 inatosha watu wawili kwa jioni. Hutoa misokoto mitatu au minne, kila mmoja ukiwa na robo gramu au zaidi kidogo. Maua mazuri huuzwa takriban euro 10 hadi 15 kwa gramu, hashishi nzuri hupanda zaidi ya hapo, msokoto ulio tayari ni kama euro 5 hadi 8. Mhudumu atatoa ua kwenye mtungi, alivunje kidogo, alipime, alitie kwenye mfuko wa kuziba. Linuse kabla hajaziba. Ua jema linanata vidoleni, linapovunjwa linatoa harufu kali ya ndimu, msonobari au udongo wenye unyevu. Likinuka majani makavu ya ng'ombe limehifadhiwa vibaya. Likilia kau kama biskuti limekauka kupita kiasi na litakukwaruza koo.

Wanaoijua bangi ya Afrika Mashariki wasijipime kwa msokoto wa nyumbani. Ile ya shambani imekaa juani, ina mbegu na vijiti. Ya Kiholanzi hulimwa ndani ya nyumba chini ya taa, mimea dume imeondolewa ili jike lisizae mbegu, na nguvu yote inabaki kwenye ua. Wastani wa THC yake katika vipimo vya kila mwaka vya Trimbos, taasisi ya Uholanzi inayochunguza dawa za kulevya, huzunguka asilimia 15. Pafu mbili, kisha uweke chini msokoto, usubiri dakika 15. Wimbo wa tatu ukiisha ndipo uamue kama unahitaji nyingine.

Njia zenyewe zinalinganishwa hivi. Msokoto hufanya kazi ndani ya dakika chache na hukuachia saa mbili au tatu baadaye, hivyo ni rahisi kuudhibiti. Chombo cha mvuke, ambacho baadhi ya maduka huazimisha mezani, hupasha bangi moto wa nyuzi 180 hadi 200 za Selsiasi bila kuiunguza. Mvuke unajaza mfuko wa plastiki, unavuta kutoka kwenye mfuko, koo haliumi, na ladha ya ua inatoka vizuri kuliko kwa moto. Usijaze mfuko ukiwa peke yako, maana mvuke uliokaa huchacha na mtu huishia kuvuta mwingi ili usiharibike. Keki ndiyo yenye hatari. Huchukua nusu saa hadi saa mbili kuanza, na hudumu saa nne hadi nane. Kosa ni lilelile kila siku: mtu anakula kipande, dakika 40 zinapita kimya, anasema haina kitu, anaongeza cha pili. Saa moja baadaye vyote viwili vinafika pamoja. Anayetaka kusikiliza muziki aiache keki kabisa, kwa kuwa haichagui saa ya kufika wala ya kuondoka.

Tumbo lisiwe tupu. Mtu akipauka, jasho baridi likamtoka na kichefuchefu kikamshika, mara nyingi shinikizo la damu limeshuka. Mketishe au mlaze miguu juu, mpe soda au juisi yenye sukari kidogokidogo, mwambie mhudumu bila aibu, kwani hilo huliona kila wiki. Asisimame ghafla kwenda chooni. Hapo ndipo watu huanguka na kupasua vichwa. Akipoteza fahamu au akilalamika kifua, piga 112. Wajawazito, wenye maradhi ya moyo na waliowahi kuugua akili wasivute kabisa.

Barabarani utanong'onezewa na wauzaji. Usisimame. Mwaka 2014 watalii walikufa mjini Amsterdam baada ya kuuziwa mtaani heroini nyeupe wakidhani ni kokeini.

Adabu za kukaa

Kila mtu mezani anunue angalau kinywaji. Usipige picha za wateja. Meza ikiwa na kiti kitupu, omba kabla ya kukalia. Usimwombe mhudumu abadilishe wimbo ndani ya 420. Kwingine uliza kwa upole. Katika kofishopu nyingi kongwe kuna paka wa nyumba: usimpulizie moshi, wenyeji hawalisamehe hilo. Ukiwa na gari, liache. Tangu Julai 2017 dereva hupimwa mate barabarani, na kikomo cha THC ni mikrogramu 3 tu kwa lita ya damu. Baiskeli nayo iache, maana tramu za Amsterdam hazina simile.

Kuhusu kurudi nyumbani, hakuna cha kulinganisha. Maliza au tupa kabla ya uwanja wa ndege wa Schiphol. Kusafirisha bangi nje ya Uholanzi ni kosa hata kama ni gramu moja, na Kenya na Tanzania zote zinakuhesabia ni jinai. Anayepitia Dubai ajihadhari zaidi, kwa kuwa sheria za Falme za Kiarabu huhesabu kilichomo mwilini kuwa umetumia, na THC hubaki kwenye mkojo kwa siku kadhaa, hata wiki kwa mvutaji wa kila siku. Mwenye safari hiyo akanywe kahawa Tertulia na asikilize roki 420 bila kuvuta. Kisagio na pakiti ya rizla iliyofunguliwa viache hotelini, kisha geuza mifuko ya koti nje ndani na kukung'uta, kwa sababu vipande vidogo hubaki kwenye mshono wa chini.